Makopo ya filamu aliyoacha baba: kabla hamjatupa na kabla hamjatoa

"Shikamoo mtaalamu. Baba yetu alikuwa mwongozaji wa filamu, alifanya kazi Tanzania Film Company miaka ya sabini alafu baadae akawa anajitegemea mpaka alipofariki mwaka jana. Ametuachia stoo nzima hapa Tanga, kuna makopo ya chuma ya filamu nadhani ni 16mm kama arobaini hivi, mengine ukifungua yananuka siki, kuna kanda kubwa za vidio na VHS, madaftari, skripti, barua, picha za wakati wanashuti. Kaka anasema tuyapeleke kwa jamaa wa studio ya harusi ayaweke kwenye flashi kisha tuyatupe maana mama anasumbuka na harufu. Halafu kuna profesa wa nje ameandika imeli, chuo chao kinataka kuchukua kila kitu. Mi naogopa, sijui hata kama sisi watoto tuna haki ya kuvitoa, na sitaki kazi za baba zipotee. Tuanzie wapi?"

Marahaba binti yangu, na poleni sana kwa msiba. Nimeisoma barua yako taratibu, naona kaka anataka nafasi, mama anataka harufu iishe, profesa anataka vitu, na wewe umebaki na funguo ya stoo mkononi. Basi hiyo funguo ishike vizuri. Jibu langu kwa wote watatu kwa sasa ni hilo hilo moja, hakitupwi kitu wala hakiondoki kitu hapo mpaka kila kimoja kimeandikwa ni nini na kiko kwenye hali gani. Ni kazi ya wiki kadhaa tu, hela yake ni ndogo, na ukiiruka hiyo basi kila uamuzi mtakaofanya baadae mtakuwa mnabahatisha.

Nianze na harufu maana mama ana haki ya kulalamika. Ile ni siki kweli kabisa. Filamu za 16mm za miaka ile zilitengenezwa kwa plastiki inaitwa asetati, na asetati ikikaa kwenye joto na unyevu inaanza kuvunjika yenyewe polepole na kutoa tindikali ya asetiki, ndiyo hiyo hiyo iliyomo kwenye chupa ya siki jikoni. Sasa ubaya ni kwamba ile tindikali haitoki, inabaki ndani ya kopo na inachochea plastiki ivunjike zaidi, plastiki ikivunjika zaidi inatoa tindikali zaidi, kwahiyo mwanzoni mambo yanaenda pole pole miaka na miaka halafu ghafla yanashika kasi. Watu wa kazi hii wanauita ugonjwa wa siki. Image Permanence Institute, taasisi ya utafiti ya kule Rochester, Marekani, walipima wakaona asetati mpya ikikaa kwenye nyuzi joto 21 na unyevu wa asilimia 50 inaenda kama miaka 40 kabla ugonjwa haujaanza. Tanga haina hali ya hewa hiyo mwezi wowote wa mwaka, kwahiyo kama una makopo ya 1975 ambayo bado hayanuki mshukuru Mungu na umshukuru mzee, inaonekana alikuwa anayatunza.

Lakini nataka ulielewe hili vizuri, filamu inayonuka haijafa. Picha yenyewe iko kwenye tabaka jembamba juu ya ile plastiki, na mara nyingi picha inakuwa bado nzima wakati plastiki inasinyaa na kujikunja chini yake. Kinachofanyika ni muda kupungua, ndio maana kati ya makopo ya filamu yale yanayonuka ndiyo yanakuwa ya kwanza kwenye foleni ya kuokolewa, na kaka anataka yawe ya kwanza kutupwa. Yatengeni na mazima leo leo maana ule mvuke unaambukiza makopo ya jirani. Kama kuna rili za rangi ya kahawia zisizo na picha hata moja, hizo ni za sauti, zina chembe za chuma na chuma kinaharakisha ugonjwa, nazo ziwe na rafu yake. Na kama mzee ameacha projekta, nakuomba sana msiiwashe kwa hamu ya kuona. Filamu iliyosinyaa matundu yake ya pembeni hayalingani tena na meno ya projekta, inachanika, na ikikwama sekunde chache tu mbele ya taa inaungua.

Kuorodhesha kwenyewe fanyeni asubuhi barazani, kwenye kivuli na upepo, meza yenye shuka safi, barakoa na glavu. Chukua kopo moja, lipige picha kifuniko kabla hujakigusa, na pembeni pia. Kile kipande cha plasta chenye mwandiko wa baba, hata kama kinabanduka na wino umefifia, msikitoe, huenda ndipo mahali pekee palipoandikwa hii ni rili ya ngapi na ya filamu ipi. Fungua polepole, kutu ikikataa usitumie bisibisi kwa nguvu, zungusha na kugonga kidogo kidogo pembeni. Ndani mara nyingi utakuta kikaratasi cha maabara chenye jina la filamu, idadi ya futi na tarehe, kitoe maana karatasi na filamu zinaharibiana, ila kiweke kwenye bahasha yenye namba ile ile ya kopo. Usiikunjue rili yote, vuta urefu wa mkono mmoja tu na uinyanyue kwenye mwanga wa mchana. Ukiona nyuso za watu ni nyeupe na anga ni jeusi, au filamu nzima ina rangi ya chungwa na kila kitu kiko kinyume, hiyo ni negativu, na negativu ndiyo mama wa kopi zote, iwekee alama nyekundu kwenye daftari. Ukiona picha ya kawaida lakini imegeuka pinki tupu, hiyo ni kopi ya rangi ambayo rangi zake nyingine zimefifia, nayo isitupwe kwasababu inaweza kuwa ndiyo kopi pekee yenye sauti. Andika namba, kilichoandikwa nje, unachokiona, harufu ipo au hakuna, funga, nenda la pili.

Makopo yakae yamelala, yapangwe chumba cha ndani cha nyumba, mbali na bati, jiko na ukuta wa choo, na yasiguse sakafu. Yale yanayonuka msiyafunge kwenye mifuko ya nailoni, mtakuwa mmeifungia tindikali humo humo. Friji ya nyumbani bila vifungashio vyake maalum ni hatari, ukiitoa filamu inatoka jasho. Kiyoyozi cha kuwasha mchana na kuzima usiku nacho si msaada sana, joto likipanda na kushuka kila siku linachosha filamu kuliko joto la wastani linalotulia. Kama mna ndugu mahali penye baridi kama Iringa au Njombe, mwenye chumba kikavu na moyo wa kutunza, kwa filamu zilizo nzima hilo ni wazo zuri kuliko watu wanavyodhani.

Sasa tuje kwa kaka na flashi. Sina ugomvi na jamaa wa studio ya harusi, ila tujue atakachofanya. Atapitisha filamu kwenye projekta, aimulike ukutani, airekodi kwa kamera. Mtapata vidio yenye kingo zilizokatwa, mwanga unaochezacheza, na filamu itakuwa imepita kwenye meno niliyokuambia yanachana. Kuskani filamu ni kitu kingine kabisa, mashine inapiga picha kila fremu moja moja, haitumii meno, na kile kinachotoka ni kikubwa mno. Rili ya futi 400 ya 16mm ni kama dakika 11 tu, na ukiskani kwa ubora wa kuhifadhi saa moja ya filamu inafika karibu terabaiti moja. Ile mp4 ya kwenye simu ni ya kuangalia tu, usiiite hifadhi. Na flashi ndiyo mahali pabaya kuliko pote pa kuweka kitu unachotaka wajukuu wakione, mnahitaji nakala tatu angalau, kwenye diski tofauti, moja ikae mji mwingine, na kila baada ya miaka michache mtu azifungue aone kama bado zinasoma.

Na hata mkishaskani vizuri kabisa, makopo hayatupwi. Mwaka 1993 maabara moja London ilishika moto, negativu za awali za zile filamu tatu za Apu za mwongozaji Satyajit Ray wa India zikaungua. Vipande vilivyobaki vilikuwa vimekauka, vimeshikana, vingine vimeungua kingo, hakuna maabara iliyoweza kuvifanyia chochote wakati huo. Lakini havikutupwa, vilipelekwa Marekani kwenye hifadhi ya filamu ya Academy Film Archive. Miaka ishirini baadae mafundi wa L'Immagine Ritrovata, maabara ya kukarabati filamu kule Bologna, Italia, wakavilainisha na kuvirekebisha tundu kwa tundu kwa mkono, wakaviskani, na mwaka 2015 filamu hizo zilirudi kwenye kumbi, kama asilimia 40 ya ile ya kwanza na zaidi ya 60 ya ile ya pili ikiwa imetoka kwenye negativu zile zile zilizoungua, sehemu zilizobaki na ile ya tatu zikatolewa kwenye kopi nyingine. Msomee kaka hiyo. Makopo yenu yananuka tu, hayajaungua.

Hapa sasa nitasema kitu ambacho familia nyingi hawakitegemei. Kama hela ni kidogo, ya kwanza kuhamishwa kwenda kwenye diski za kompyuta iwe kanda za vidio, filamu zifuate. Najua filamu ndiyo inaonekana kongwe na ya thamani, ila filamu ni picha unayoiona kwa jicho, mwaka wowote ule mtu mwenye taa na lenzi ataweza kuisoma. Kanda haina picha ya kuona, ina chembe za sumaku zilizogandishwa na gundi, ile gundi inanyonya unyevu inakuwa inanata, na bila mashine ya aina ile ile hupati kitu. Hizo kanda kubwa ulizozitaja huenda ni U-matic, zilianza 1971 na mashine zake zilizobaki zinazofanya kazi ni za kutafuta kwa tochi, na hata VHS kiwanda cha mwisho kutengeneza deki zake kiliacha 2016. UNESCO na chama cha kimataifa cha maktaba za sauti, IASA, walitoa tahadhari mwaka 2019 kwamba kanda za sumaku ambazo hazitakuwa zimehamishwa mpaka kufikia 2025 hivi nyingi hazitakuja kuhamishwa tena. Tarehe ndiyo hiyo. Kwahiyo yule jamaa wa studio kama ana deki ya VHS nzima yenye kichwa kisafi, hapo ana msaada wa kweli, mpe VHS moja isiyo na umuhimu mkubwa kwanza muone. Kanda yenye ukungu mweupe pembeni asiiweke, itachafua deki na deki itachafua zingine zote.

Ila kuna kitu hakimo kabisa kwenye barua yako na mimi ndicho kinanikosesha raha, nacho ni watu. Mpiga picha wa baba yupo? Fundi sauti? Waigizaji, dereva wa gari la kushutia, yule aliyeandika muziki? Wakiwa hai ni wazee sana sasa hivi. Chukua zile picha za seti, mtembelee kila mmoja, weka simu irekodi, umwonyeshe picha moja moja umuulize huyu nani, hapa wapi, hii sini mbona haipo kwenye filamu. Anza na aliye mgonjwa kuliko wote. Kopo lisilo na lebo wataalamu wanaweza kulitambua hata baada ya miaka kumi, ila picha isiyo na majina baada ya wazee hawa kuondoka inabaki picha ya watu tu.

Mfano ninaoupenda kuliko yote ni wa Sarah Maldoror, aliyeongoza Sambizanga mwaka 1972, filamu ya mapambano ya Angola iliyopigwa Kongo Brazzaville. Kabla ya hapo, mwaka 1970, alipiga filamu Guinea-Bissau na wapigania uhuru wa kule, Des fusils pour Banta, na ilipofika Algeria ambako hela ilitoka akagombana na wakubwa, filamu ikabaki mikononi mwao na haijaonekana mpaka leo. Lakini tunaijua. Zilibaki picha za mnato zilizopigwa wakati wa kushuti, na kumbukumbu zake mwenyewe, na miaka arobaini baadae msanii mmoja Mfaransa alizitumia hizo kutengeneza kazi nzima kuhusu filamu isiyokuwepo. Maldoror alifariki 2020 kwa Korona, na mabinti zake wawili ndio wanaosukuma kazi zake, mwaka uliofuata Sambizanga ikatoka imekarabatiwa chini ya mradi wa urithi wa filamu za Afrika ulioanzishwa 2017 na Film Foundation ya mwongozaji wa Marekani Martin Scorsese, FEPACI ambalo ni shirikisho la watengeneza filamu wa Afrika, na UNESCO. Nakutajia ili ujue watoto wenye subira wanafika mbali, na pia ujue kwamba yale madaftari na barua ni sehemu ya filamu. Karatasi zitoeni pini maana zina kutu, msizipange upya kwa akili yenu, mpangilio alioacha baba una maana yake, ziwekeni kwenye maboksi safi yasiyofikiwa na mchwa, na namba iandikwe kwa penseli. Laminesheni hapana, tafadhali.

Kuhusu haki, hapo umeuliza swali la mtu makini. Wengi wanafikiri kwa kuwa baba ndiye aliyeongoza basi filamu ni ya familia. Kwa Sheria ya Hakimiliki ya 1999 mmiliki wa kwanza wa haki za kiuchumi za kazi ya sinema ni mtayarishaji, isipokuwa mkataba uwe umesema vingine, na kazi aliyoifanya mtu akiwa ameajiriwa kwa kawaida inakuwa ya mwajiri. Maana yake filamu alizoongoza akiwa Tanzania Film Company, ile kampuni ya serikali iliyoanzishwa 1968, kwa uwezekano mkubwa si zenu kuziuza hata kama makopo yako kwenu. Kumiliki kopo na kumiliki haki ya filamu ni vitu viwili. Alizotengeneza mwenyewe akijitegemea, skripti alizoandika kabla au baada ya ajira, picha alizopiga, barua, hizo ni habari nyingine, zinaingia kwenye mirathi kama mali nyingine yoyote. Sheria hiyo inailinda kazi ya sinema kwa miaka 50, kwahiyo tarehe ya kila filamu mtakayoiandika kwenye daftari ina uzito wa kisheria, huenda baadhi ya zile za mwanzo muda wake umeshapita. Na jina la baba kutajwa kwenye kazi yake ni haki tofauti, hiyo mdai popote filamu inapoonyeshwa. Mfungue mirathi kama hamjafungua, msimamizi wa mirathi ndiye atakayesaini, sio wewe wala kaka mmoja mmoja, kisha mwende COSOTA, ofisi ya hakimiliki, na Bodi ya Filamu mkiwa na orodha mkononi. Ukienda bila orodha utaambiwa njoo kesho.

Na profesa. Usimkimbie, na usimkabidhi. Vyuo vya nje vina vyumba vya baridi na watu waliosomea kazi hii, hatudanganyani, kwa filamu zinazonuka hiyo inaweza kuwa ndiyo nafasi yake. Nyaraka za mwongozaji Ousmane Sembène wa Senegal ziko Maktaba ya Lilly, Chuo Kikuu cha Indiana, Marekani, na za mwongozaji mwenzake Paulin Vieyra zilikwenda chuo hicho hicho kupitia mwanawe. Zimetunzwa, zimeorodheshwa, wanafunzi wanazisoma. Ila kijana wa Dakar anayetaka kuziona zenyewe anahitaji viza ya Marekani, na hilo linaniuma kila nikilifikiria. Kwahiyo muulizeni profesa kwa maandishi: ni zawadi, ni mauzo, au ni amana tunayoweza kuichukua tena? Nani analipia usafiri na kuskani? Tunarudishiwa nakala za ubora wa juu au mp4? Haki zinabaki kwetu? Mwanafunzi wa Tanzania ataona bure? Akijibu vizuri ni mtu wa kuzungumza naye. Akiwaharakisha msaini, subirini. Wakati huo huo ongeeni na Idara ya Kumbukumbu na Nyaraka za Taifa pale Dar, na kitengo cha East Africana, cha vitabu na nyaraka za Afrika Mashariki, cha maktaba ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, kuhusu karatasi. Maoni yangu, karatasi zibaki nchini, filamu ziende penye baridi kwa mkataba wa amana, na nakala za kuonyesha zirudi. Sio lazima vitu vyote viende sehemu moja.

Kuna mambo ambayo msiyafanye wenyewe kwa kunisoma mimi. Kopo ambalo filamu imeganda kama tofali, au ina unga mweupe, au picha inabanduka ikiguswa, lifungeni liwekeni alama mlisubirishe mtaalamu wa kukarabati filamu alione kwa macho. Kitu kilicholowa mvua msikianike juani, filamu au kanda iliyolowa inahitaji mtu wa kuwaelekeza siku hiyo hiyo. Mkataba wowote wa nje usomwe na wakili wa hakimiliki kabla ya saini, gharama yake ni ndogo ukilinganisha na kilichoko stoo. Na kama wewe na kaka mtafika mahali hamuelewani, itisheni kikao cha ukoo mapema, mkubaliane kwa maandishi nani anashika funguo, nani anajibu imeli, na makopo yanakaa wapi wakati mnaendelea kuongea.